Terentius, Mtumwa Aliyesifiwa kwa Kilatini Safi

Na Mwanafunzi wa Kidato cha Nne

Wasomaji wengi wamepata kusikia habari za Julius Caesar na majeshi yake. Leo napenda kuwaletea habari za mtu mwingine wa Roma ya kale, ambaye hakuwa na jeshi, wala hakuzaliwa Roma. Jina lake ni Publius Terentius Afer.

Terentius alizaliwa Carthage, mji uliokuwa katika pwani ya Afrika ya Kaskazini, katika nchi tunayoiita leo Tunisia. Hiyo ilikuwa karibu na mwanzo wa karne ya pili kabla ya Kristo (K.K.). Neno Afer maana yake ni mtu wa Afrika. Suetonius, aliyeandika maisha yake baadaye, asema kwamba alikuwa mtu wa kimo cha kadiri, mwembamba, mwenye rangi ya maji ya kunde. Huko Roma alikuwa mtumwa wa Terentius Lucanus, mmoja wa wazee wa baraza la dola. Bwana huyo alipoona akili za kijana wake, alimsomesha kama mtoto wa watu huru, kisha akamwacha huru. Kwa desturi ya Warumi, kijana akachukua jina la bwana wake.

Ili tuifahamu kazi yake, hatuna budi kujua hali ya Roma wakati ule. Warumi walikuwa hodari wa vita, lakini vitabu katika lugha yao vilikuwa vichache. Wagiriki walikuwa na mashairi na michezo ya kuigiza tangu zamani. Mwaka 240 K.K., Livius Andronicus alionyesha mjini Roma mchezo uliofasiriwa kutoka Kigiriki, na tangu hapo wengine wakafuata njia hiyo. Tena mwaka 168 K.K., jemadari Aemilius Paulus alimshinda Perseus, mfalme wa Makedonia. Katika nyara zote za mfalme, aliwachagulia wanawe vitabu. Basi Warumi waliwashinda Wagiriki kwa upanga, kisha wakaketi kujifunza kwao. Mmoja wa wana hao, Scipio Aemilianus, alikuwa rafiki wa Terentius.

Kati ya mwaka 166 na 160 K.K., Terentius alitunga michezo sita ya kuchekesha. Minne aliitoa katika michezo ya Mgiriki Menander, na miwili katika ya Apollodorus. Waigizaji walivaa mavazi ya Kigiriki, na mambo yote yalitendeka Ugiriki, ila maneno yalikuwa Kilatini. Hakufasiri neno kwa neno tu. Mara nyingine alichukua sehemu ya mchezo mmoja akaiunga na mwingine, hata ukawa mchezo mpya.

Hapo ndipo taabu yake ilipoanza. Mtungaji mmoja mzee, pamoja na wenzake, walimshtaki mbele za watu kwamba anaiharibu michezo ya Wagiriki kwa kuichanganya. Tena walieneza habari kwamba si yeye anayetunga, bali ni marafiki zake wakubwa wanaomwandikia. Bila shaka waliona ni vigumu kusadiki kwamba mtu aliyekuwa mtumwa, mzaliwa wa ng'ambo, aweza kukijua Kilatini kuliko wao. Terentius hakugombana nao barabarani. Alijitetea katika maneno ya kufungulia michezo yake, akaeleza kwamba watungaji waliomtangulia walifanya vivyo hivyo, na akawaomba watazamaji wasikilize kwanza, ndipo wahukumu.

Kusikilizwa nako kulikuwa kazi. Mwaka 165 K.K. alileta mchezo uitwao Mama Mkwe. Mara watu wakasikia habari za mabondia na mtu wa kutembea juu ya kamba, wakafanya makelele hata mchezo ukaachwa. Mwaka 160 K.K. ukajaribiwa tena katika maziko ya Aemilius Paulus. Sehemu ya kwanza ilipendeza, lakini uvumi ukaja kwamba wapiganaji wa panga wanakuja, na umati ukaingia kwa fujo kugombea nafasi. Mwaka huo huo ukaletwa mara ya tatu. Ambivius Turpio, mzee wa waigizaji, aliwasihi watu watulie, na safari hii mchezo ukafika mwisho. Lakini asidhani mtu kwamba Terentius hakupata kushangiliwa. Mchezo wake uitwao Towashi, wa mwaka 161 K.K., ulimpatia sarafu 8,000 za Kirumi, malipo ambayo mchezo wa kuchekesha ulikuwa haujapata kamwe.

Baada ya hapo alisafiri kwenda Ugiriki, wala hakurudi. Alifariki mwaka 159 K.K., angali kijana. Wengine walisimulia kwamba alikufa maji pamoja na michezo mipya aliyoifasiri, wengine kwamba aliugua kwa huzuni ya kuipoteza.

Julius Caesar mwenyewe alimsifu kwa usafi wa lugha, ingawa alimhesabu kuwa nusu tu ya Menander. Watoto wa Ulaya walijifunza Kilatini kwa michezo yake kwa mamia ya miaka. Na tazameni ajabu hii: ile michezo minne ya Menander aliyoitumia imepotea, yamebaki mabaki tu, lakini yake sita ipo yote. Aliyeitwa mharibifu ndiye aliyetuhifadhia.

Sisi tunaosoma masomo mengi kwa Kiingereza, lugha tuliyoikuta shuleni, tuna la kujifunza hapa. Lugha si ya aliyezaliwa nayo peke yake. Ni ya yule pia anayeifanyia kazi. Na anayechukua jambo jema kwa wageni akawaletea watu wake kwa maneno wanayoyaelewa, huyo si mwizi. Amewaongezea mali.