Maisha ya Josina Machel

Mtu akisimama Msimbati, kando ya Ghuba ya Mnazi, hayuko mbali na mahali mto Ruvuma unapoingia baharini, na ng'ambo ya mto ni Msumbiji. Vita vya kuikomboa nchi hiyo vilianza tarehe 25 Septemba 1964. Sisi wa Mtwara twayajua majina ya wakubwa wake, Mondlane na Samora, lakini ya wanawake hatuyajui sana. Kwa hiyo nimeona vema niandike habari za mmoja wao, aliyeshika bunduki na kalamu pia.

Josina Muthemba alizaliwa tarehe 10 Agosti 1945 katika jimbo la Inhambane. Mwaka 1964 alitoroka pamoja na vijana wenzake ili waje huku kujiunga na FRELIMO. Walikamatwa njiani huko Rhodesia, wakarudishwa kwao, naye akatiwa kifungoni kwa miezi kadhaa. Hakukata tamaa. Mwaka 1965 alitoroka tena, akafika Dar es Salaam, akafanya kazi katika chuo cha FRELIMO. Alipopata nafasi ya kwenda kusoma Uswisi, aliikataa.

Mwaka 1967 aliingia katika kikosi cha wanawake, akafunzwa uaskari kambini Nachingwea. Wako wanaume walioona kwamba vita si kazi ya mwanamke. Wanawake hao waliwajibu kwa vitendo: walibeba silaha na chakula kwa miguu, wakalinda vijiji, wakauguza majeruhi na kulea yatima. Katika mkutano mkuu wa FRELIMO wa mwaka 1968 Josina alitetea wanawake washirikishwe katika mambo yote. Mwaka 1969 aliongoza idara ya mambo ya jamii, na mwaka huo huo akaolewa na Samora Machel huko Tunduru. Walipata mtoto wa kiume.

Zaidi ya hayo, aliandika katika gazeti la FRELIMO juu ya kazi ya wanawake katika mapinduzi. Alieleza kwamba kikosi chao hakikuwa pambo, bali kilipigana, kililinda na kiliwaamsha wananchi. Bila maandishi ya namna hiyo, wengi wangedhani wanawake walikaa tu wakingoja.

Alifariki Dar es Salaam tarehe 7 Aprili 1971, akiwa na umri wa miaka 25. Uhuru wa Msumbiji, wa tarehe 25 Juni 1975, hakuuona. Nchi yake huiadhimisha tarehe 7 Aprili kuwa siku ya wanawake.

Katika vita hivyo wakimbizi wengi walivuka Ruvuma wakapokewa upande wetu. Aliyewatekea maji na kuwapikia ni nani, kama si bibi zetu? Likizo inakaribia. Tuwaulize, tena tuandike wanayosema, maana bibi akizikwa hakuna wa kumwuliza tena.