Bernhard Grzimek, mtu aliyeingiza nyama wa pori ndani ya nyumba za watu

Filme ya kwanza iliyompa Bernhard Grzimek jina kubwa ilipigwa hapa kwetu Kongo, mu pori ya Ituri.

Alizaliwa tarehe 24 Aprili 1909 huko Neisse, mji uliokuwa wa Ujerumani na ambao leo uko Poland. Alisomea kazi ya munganga wa nyama. Mwaka 1945, vita ikiisha, alipewa kuongoza bustani ya wanyama ya Frankfurt. Mabomu yalikuwa yameibomoa. Aliijenga upya, akaiongoza mpaka 1974.

Ni okapi njo walimleta Kongo. Lakini alipofika aliona namna pori linapunguka, akaandika kitabu juu ya nyama wa pori wenye kukosa mahali. Mtoto wake Michael akakitolea filme, na mwaka 1956 ikapata zawadi ya Dubu wa Zahabu huko Berlin.

Mwaka uleule Grzimek alianza kipindi kwenye televizio. Kila mara alikuja studio na nyama mzima, akaongea polepole kama babu na wajukuu, kisha akaomba watazamaji watoe pesa za kulinda nyama. Kipindi kiliendelea miaka 30.

Feza ya filme ya Kongo njo iliwafikisha Serengeti, katika Tanganyika. Serikali ya Waingereza ilitaka kugeuza mipaka ya parke, na hakuna aliyejua vizuri nyama wanapita wapi. Baba na mtoto wakajifunza kuendesha ndege, wakaipaka mistari ya punda milia, wakahesabu nyama kutoka juu. Tarehe 10 Januari 1959 ndege iligongana na tai, ikaanguka. Michael alikufa pale pale, akiwa na miaka 24 tu. Baba alimzika pembeni ya bonde la Ngorongoro, kisha akamaliza kazi yao. Mwaka 1960 filme ya Serengeti ikapata Oscar.

Lakini sifa hiyo ina upande mwingine. Grzimek aliamini kwamba ndani ya parke mtu asiishi, hata mwenyeji. Mwaka ule wa 1959 Wamasai walitolewa Serengeti, wao na ng'ombe zao, ijapokuwa walikuwa wameishi na nyama wale tangu zamani. Sisi tunaokaa kando ya Virunga tunajua uzito wa jambo hilo. Bila watu kama Grzimek, labda leo hatungekuwa na nyama wa kuonyesha watoto. Lakini ukilinda nyama na kusahau mwanakijiji, unapanda ugomvi.

Grzimek alikufa Frankfurt tarehe 13 Machi 1987, akiwa anatazama sarakasi. Majivu yake yalipelekwa Ngorongoro, yakazikwa karibu na mtoto wake.