YERONIMO WA BETHLEHEMU: MFASIRI WA MANABII ALIYERUDI KWENYE NENO LA ASILI

Askari aliyewahi kukaa zamu penye simu ya upepo anafahamu vema hatari ya ujumbe unaopita katika vinywa vingi. Kamanda hutoa amri moja makao makuu. Ifikapo kwenye kikosi cha mbele kwa njia ya watu watatu au wanne, saa imebadilika, jina la kilima limepotoka, na pengine amri ya kusubiri imegeuka kuwa amri ya kushambulia. Ndiyo sababu tumefundishwa kumtaka mpokeaji ayarudie maneno aliyoyasikia, na penye shaka kumrudia yule aliyeutoa ujumbe wenyewe.

Zaidi ya miaka 1600 iliyopita aliishi mtu mmoja aliyeitumia kanuni hiyo katika jambo zito kuliko amri ya siku moja, yaani katika maneno ya manabii wa Waebrania. Mtu huyo ni Eusebius Hieronymus, ambaye Wakristo wasemao Kiswahili humwita Mtakatifu Yeronimo. Maisha yake yanastahili kusomwa na kila mwanajeshi na kila polisi, awe Mkristo, Mwislamu au mtu wa dini nyingine, kwa kuwa yanahusu wajibu wa kuhakikisha jambo kabla ya kulitangaza.

Yeronimo alizaliwa yapata mwaka 347 katika mji mdogo wa Stridon, mpakani mwa majimbo ya Dalmatia na Panonia ya Dola ya Kirumi. Wazazi wake walikuwa Wakristo wenye mali, nao walimpeleka Roma akiwa kijana ili asome lugha na ufasaha wa kusema. Huko alifundishwa na Donatus, mwalimu mashuhuri wa sarufi ya Kilatini, akabatizwa, na akaanza kukusanya vitabu, mali aliyoipenda kuliko zote. Baadaye alisafiri hadi Mashariki, akaugua sana mjini Antiokia, na katika homa hiyo akaota kwamba amesimamishwa mbele ya Hakimu wa mbinguni, akapigwa mijeledi kwa kosa la kuwapenda waandishi wa kipagani kuliko Maandiko Matakatifu.

Alipopona alikwenda kuishi maisha ya upweke katika jangwa la Kalkisi, nchi ya Shamu. Hapo ndipo kazi yake kubwa ilipoanza, ingawa yeye mwenyewe hakuijua bado. Ili kuituliza akili yake iliyokuwa ikisumbuliwa na tamaa za ujana, alimwomba Myahudi mmoja aliyeingia Ukristo amfundishe Kiebrania. Mtu aliyezoea Kilatini kitamu cha Roma alijikuta akikariri herufi ngeni na sauti za kooni. Mara nyingi alikata tamaa akaacha, kisha akaanza upya. Kila kuruta aliyepitia majuma ya kwanza ya mafunzo ataelewa hali hiyo.

Yafaa sasa kueleza Kiebrania kilikuwa na faida gani. Manabii kama Amosi, Hosea, Isaya, Yeremia na Ezekieli waliishi kati ya karne ya nane na ya sita kabla ya Kristo, nao walisema na kuandikiwa kwa Kiebrania. Kuanzia karne ya tatu kabla ya Kristo, Wayahudi wa Misri walianza kuyafasiri Maandiko yao kwa Kigiriki. Tafsiri hiyo iliitwa ya Wazee Sabini, nayo Wakristo wa kwanza waliipokea kwa heshima kubwa. Kisha watu mbalimbali, wengi wao bila majina kujulikana, wakaifasiri tafsiri hiyo ya Kigiriki kwa Kilatini. Basi Mkristo wa Roma au wa Afrika ya Kaskazini aliyemsoma Isaya alikuwa akiupokea ujumbe wa mkono wa tatu, na nakala zenyewe zilitofautiana mno.

Mwaka 382 Yeronimo alirudi Roma, akawa katibu wa Papa Damaso, ambaye alimpa kazi ya kuzisahihisha Injili za Kilatini. Damaso alifariki mwezi Desemba 384. Yeronimo, aliyekuwa na ulimi mkali na maadui wengi, hakuwa tena na wa kumkingia kifua. Mwaka uliofuata aliondoka. Mwanamke mmoja wa ukoo mkubwa wa Kirumi, Paula, pamoja na binti yake Eustokio, nao waliacha nyumba yao na kumfuata Mashariki.

Kabla ya kufanya makao, wasafiri hao waliizunguka nchi ya manabii. Yeronimo aliamini kwamba aliyeiona Yudea kwa macho yake ataelewa zaidi anachokisoma. Sisi huliita jambo hilo upelelezi wa ardhi: ramani pekee haitoshi. Walishuka pia Misri, na huko Aleksandria Yeronimo alimsikiliza Didimo, mwalimu kipofu aliyekuwa na elimu ya ajabu. Baadaye Didimo alitunga ufafanuzi wa kitabu cha nabii Zekaria kwa ombi la Yeronimo. Kitabu hicho kilipotea kwa karne nyingi. Mwaka 1941, wakati wa Vita Kuu ya Pili, mapango ya Tura karibu na Kairo yalikuwa yakisafishwa ili jeshi la Uingereza lihifadhi silaha, na katika kazi hiyo ikapatikana hazina ya mafunjo, na ndani yake ufafanuzi huo.

Mwaka 386 Yeronimo na wenzake walikaa Bethlehemu. Kwa mali ya Paula ilijengwa nyumba ya watawa wa kiume, nyumba za watawa wa kike, na mahali pa kuwapokea wageni. Hapo Yeronimo alikaa zaidi ya miaka 30. Alimpata mwalimu mwingine wa Kiebrania, Myahudi aitwaye Baranina, aliyekuja kumfundisha usiku kwa kuwaogopa watu wake. Kwa upande wa Wakristo nako walikuwapo waliomlaumu Yeronimo kwa kujifunza kwa Wayahudi. Hivyo mwalimu na mwanafunzi walikutana penye taa ndogo, kila mmoja akihatarisha jina lake.

Yapata mwaka 390 alianza kufasiri Maandiko ya Kiebrania moja kwa moja kwa Kilatini, na manabii walikuwa miongoni mwa vitabu vya kwanza. Kazi yote ilimalizika mwaka 405 hivi. Pamoja na tafsiri, aliandika vitabu vya ufafanuzi juu ya manabii wote: wale 12 waitwao wadogo, kisha Danieli mwaka 407, Isaya katika vitabu 18, Ezekieli katika vitabu 14, na Yeremia, ambaye hakuwahi kummaliza.

Njia yake ya kufafanua ilikuwa na utaratibu. Kwanza aliweka mbele yake neno la Kiebrania na tafsiri za Kigiriki ili aone zinapopatana na zinapoachana. Katika hili alisaidiwa na kazi ya Origene, mwanachuoni wa karne ya tatu aliyezipanga nakala mbalimbali katika safu sita, kitabu kilichohifadhiwa katika maktaba ya Kaisaria. Pili aliuliza habari za wakati: nabii alisema chini ya mfalme gani, adui alikuwa nani, mji gani ulikuwa hatarini. Tatu, baada ya msingi huo, ndipo alipopanda kutafuta maana ya kiroho. Hakuidharau maana hiyo. Aliiandika kwa wingi. Lakini hakupenda paa lijengwe kabla ya kuta.

Kanuni hii aliipata kwa kujikosoa mwenyewe. Alipokuwa kijana aliandika ufafanuzi wa nabii Obadia, ambaye kitabu chake ni kifupi kuliko vyote vya manabii. Aliuandika kwa mafumbo matupu, bila kuijua historia inayohusika. Miaka mingi baadaye akakuta mtu anayeisifu kazi hiyo ya ujana. Badala ya kufurahi aliona haya, na mwaka 396 akaandika ufafanuzi mpya, akakiri hadharani makosa ya ule wa kwanza. Ni wakubwa wachache wanaoweza kutangaza kwamba taarifa yao ya zamani ilikuwa na kasoro.

Upinzani haukukosa. Mwaka 403 Agostino, Askofu wa Hippo katika nchi ambayo leo ni Algeria, alimwandikia habari ya fujo iliyotokea Oea, mji ambao siku hizi ni Tripoli nchini Libya. Askofu wa huko aliruhusu kitabu cha Yona kisomwe kanisani kwa tafsiri ya Yeronimo. Waumini walisikia kwamba mmea uliomtia Yona kivuli nje ya Ninawi haukuwa tena mung'unye waliouzoea tangu utoto, bali mmea mwingine utambaao ukutani. Ghasia zikazuka. Wayahudi wa mji huo walipoulizwa, walisema Kiebrania kinapatana na tafsiri ya zamani. Askofu akalazimika kurudi nyuma ili asibaki bila waumini.

Hoja ya Agostino haikuwa ya mtu mjinga. Aliogopa kwamba Wakristo wa Kilatini na wa Kigiriki wangegawanyika, kila upande ukisoma maneno yake. Yeronimo alijibu kwa ukali, akieleza kwamba neno la Kiebrania ni jina la mmea wa Palestina wenye majani mapana, usimamao kwa shina lake wenyewe, ambao Kilatini hakikuwa na jina lake. Akachagua jina lililo karibu. Wataalamu wengi wa leo huona kwamba mmea huo ni mbarika. Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952 imeuita mtango. Kwa hiyo kila upande ulikuwa na upungufu wake, na mzozo uliokaribia kulivunja kanisa moja ulitokana na jani la mti. Hata hivyo wakubwa hao wawili hawakuishia katika uadui. Barua zao za baadaye ni za kuheshimiana.

Shabaha ya Yeronimo haikupiga kila mara. Mwanafalsafa Porfirio, aliyeupinga Ukristo, alidai kwamba kitabu cha Danieli kiliandikwa wakati wa Mfalme Antioko Epifane, karne ya pili kabla ya Kristo, wala si Babeli. Yeronimo alimpinga kwa nguvu, lakini alizieleza hoja za adui wake kirefu kabla ya kuzijibu. Vitabu vya Porfirio viliamriwa kuchomwa moto mwaka 448, na mengi tunayoyajua juu ya hoja hizo yamesalia ndani ya kitabu cha mpinzani wake. Wataalamu wengi wa leo, katika suala la tarehe, wanakubaliana na Porfirio. Vilevile magombo yaliyovumbuliwa karibu na Bahari ya Chumvi kuanzia mwaka 1947 yameonyesha mambo mawili: kwamba maandishi ya Kiebrania yalinakiliwa kwa uangalifu mkubwa, na kwamba mahali pengine, hasa katika Yeremia, Wazee Sabini walifuata nakala ya Kiebrania iliyokuwa tofauti, si kwamba walikosea. Tena lazima isemwe kwamba Yeronimo aliwaandika vibaya Wayahudi waliomfundisha, na aliwatukana hata rafiki zake wa zamani.

Jaribu kubwa lilikuja mwaka 410. Alikuwa akianza ufafanuzi wa Ezekieli, nabii aliyetabiri kuanguka kwa Yerusalemu, ndipo habari zikafika kwamba Wagothi wa Alariki wameuteka mji wa Roma. Yeronimo aliona kana kwamba ulimwengu mzima umeangamia. Wakimbizi walifika Bethlehemu, wengine waliokuwa matajiri jana, wakiomba mkate. Aliweka kalamu chini akawahudumia. Kisha akaanza tena, usiku kwa usiku, macho yakiwa yamedhoofika, mpaka kitabu kikaisha. Hakuyatumia maneno ya Ezekieli kuwatangazia watu waliojaa hofu siku ya mwisho wa dunia, wala hakukubaliana na wale walioihesabu miaka 1000 ya ufalme wa duniani kwa kuyachukua maneno ya manabii kijuujuu.

Mwaka 416 genge la watu lilizivamia nyumba za watawa za Bethlehemu, likazichoma moto na kumwua shemasi mmoja. Yeronimo aliokoka. Paula alikuwa amekwisha kufariki mwaka 404. Mzee huyo alifariki mwaka 420, tarehe 30 Septemba kwa mapokeo ya Kanisa, kalamu yake ikiwa imeishia katikati ya Yeremia. Mwaka 1546 Mtaguso wa Trento uliitangaza Biblia ya Kilatini, ambayo sehemu yake kubwa ni kazi yake, kuwa maandishi rasmi ya Kanisa Katoliki. Tangu mwaka 2017 Umoja wa Mataifa umeitambua tarehe 30 Septemba kuwa siku ya wafasiri duniani.

Yawezekana msomaji atauliza haya yanamhusu nini mtu wa bunduki na pingu. Jibu liko karibu na nyumbani. Tarehe 17 Machi 2000 mamia ya watu waliteketea kanisani Kanungu, kusini-magharibi mwa Uganda, wafuasi wa viongozi waliokuwa wamewatangazia mwisho wa dunia. Mwaka 2023 katika msitu wa Shakahola nchini Kenya ilifukuliwa miili zaidi ya 400, mingi ya watu waliokufa kwa njaa. Katika mahali pote pawili ni polisi waliosimama penye makaburi hayo. Hao waliokufa hawakuwa na wa kuwaonyesha tofauti kati ya neno la nabii na neno la mtu anayelinena kwa niaba yake.

Yeronimo alitumia maisha yake yote kuitafuta tofauti hiyo, akikosea na kujisahihisha. Wala haidhuriki imani ya mtu kwa kuuliza ni nani aliyesema, alisema lini, kwa lugha gani, na ni nani anayetuambia leo kwamba alisema hivyo. Askari huuliza hayo hayo kila anapopokea amri yenye shaka, na mara nyingi swali hilo moja limeokoa kikosi kizima.