Manute Bol: Mchunga ng'ombe aliyeitikisa NBA, akagawa mali yake kwa wahitaji

KATIKA milima ya majani chai ya Bomet na Kericho, jina la mwanamichezo aghalabu huzaliwa katika mbio. Huko ndiko alikotoka Wilson Kiprugut, aliyeipa Kenya nishani yake ya kwanza ya Olimpiki jijini Tokyo mwaka 1964. Lakini miongoni mwa jamii za Waniloti wafugaji, ambazo Wakipsigis ni mojawapo, yupo mwingine aliyejipatia sifa si kwa wepesi wa miguu bali kwa urefu wa kimo.

Manute Bol, Mdinka wa Turalei, kusini mwa iliyokuwa Sudan moja, alichunga ng'ombe utotoni. Urefu wake wa sentimita 231 ulimwelekeza kwenye mpira wa kikapu, akacheza Wau na Khartoum kabla ya kuvuka bahari kwenda Marekani mwaka 1983.

Baada ya msimu mmoja katika Chuo Kikuu cha Bridgeport, alisajiliwa na Washington Bullets mwaka 1985. Katika msimu wake wa kwanza alizuia mitupo 397, wastani wa mitano kwa kila mchezo. Mwaka 1987 alichezeshwa pamoja na Muggsy Bogues, mwenye sentimita 160, nao mashabiki wakafurika kuwatazama. Alizichezea pia Golden State, Philadelphia na Miami. Alipostaafu, alikuwa amezuia mitupo 2,086 na kufunga pointi 1,599 pekee. Kazi yake ilikuwa kulinda.

Nje ya uwanja alilinda pia. Vita vilipowateketeza watu wake, sehemu kubwa ya mapato yake aliitoa kwa wakimbizi na kwa harakati za kusini. Aliporejea Khartoum katika miaka ya 1990, aliahidiwa cheo serikalini kwa sharti la kubadili dini, akakataa. Alikwama huko akiwa hana kitu, hadi alipopitia Misri na kufika tena Marekani.

Mwaka 2002 alikubali kupigana ndondi za maonyesho na William Perry, aliyekuwa mchezaji wa kandanda ya Kimarekani. Wapo waliomcheka, lakini malipo aliyaelekeza kwa watoto wa Sudan. Mwaka 2004 alivunjika shingo katika ajali ya barabarani, lakini hilo halikumzuia kuchangisha fedha za kujenga shule huko Turalei.

Alifariki Juni 19, 2010 mjini Charlottesville, Virginia, akiwa na umri wa miaka 47, kutokana na maradhi ya figo na ngozi. Sudan Kusini ilijipatia uhuru Julai 9, 2011, bila yeye kuushuhudia.

Hata hivyo, mbegu yake iliota. Luol Deng, kijana mkimbizi aliyemfunza mchezo huo nchini Misri, alikuja kuwa nyota wa NBA na baadaye rais wa shirikisho la kikapu la Sudan Kusini. Mwaka 2024, taifa hilo changa lilicheza Olimpiki ya Paris na kushinda mechi yake ya kwanza.