Kenyatta na Picha Zilizomtangulia

Walimu na wanafunzi wanaotunga filamu fupi za majaribio hupenda kuuchezea mpaka baina ya jambo lilivyo na linavyoonekana. Wapo wanaoudhani mchezo huo kuwa anasa ya wasanii. Mimi siafiki. Maisha ya Jomo Kenyatta, aliyefariki Agosti 22, 1978, yanatuonyesha kuwa mpaka huo waweza kuamua hatima ya mtu, na hata ya eneo zima.

Katika miaka ya 1930 Kenyatta alikuwa London, akimsaidia mtaalamu wa fonetiki, Lilias Armstrong, kuchunguza matamshi ya Kikikuyu. Kwetu sisi wanaisimu, sauti yake ilikuwa hazina. Lakini katika filamu ya Sanders of the River, iliyotoka mwaka 1935, alivishwa uchifu wa kuigiza, na jina lake halikutajwa miongoni mwa waigizaji. Kijiji cha Kiafrika kilijengwa Shepperton, Uingereza, kisha picha zake zikaungwa na nyingine zilizopigwa Afrika kwenyewe. Mtazamaji wa kawaida hakuuona mshono. Paul Robeson, mmoja wa waigizaji wakuu, aliikana baadaye filamu hiyo kwa kuwa iliutukuza ukoloni.

Baada ya hukumu ya Kapenguria ya Aprili 8, 1953, Kenyatta alifungwa Lokitaung, na mwaka 1959 akahamishiwa Lodwar. Safari hii picha yake ilitengenezwa kwa kumficha. Mwaka 1960 Gavana Patrick Renison alimtangaza kuwa kiongozi wa kuwapeleka watu gizani na mautini, ilhali wananchi hawakuweza kumwona wakajiamulia wenyewe. Waandishi wa habari walipokutana naye Maralal, Aprili 1961, walimkuta mzee timamu anayejieleza.

Hata hivyo, kifungo hicho kiliimarisha picha nyingine: kwamba Turkana ni jangwa la adhabu. Kenyatta aliishi huko takriban miaka minane, lakini Waraka Nambari 10 wa mwaka 1965 wa serikali yake ulielekeza mtaji kwenye maeneo yenye rutuba na mvua. Picha ikawa sera.

Msafiri atokaye Kitale kwenda Lodwar hupitia Kalemng'orok, jirani na mashamba ya Katilu yanyweshwayo na mto Turkwel. Mwanafunzi wa huko anaposhika kamera, mwalimu na amwulize kwanza: ni nini kimeachwa nje ya picha, na ni nani anayefaidika kwa kuachwa kwake?