Tajiri Aliyelipa Mishahara Mashine Zikiwa Kimya

Wapo wasemao kuwa huruma huua biashara. Na wayatazame maisha ya Robert Owen, mtoto wa fundi wa matandiko ya farasi, aliyezaliwa Newtown, Wales, mwaka 1771.

Mwaka 1800 alishika usimamizi wa viwanda vya pamba vya New Lanark, Scotland. Huko aliwakuta watoto mafukara wapatao 500, waliotolewa katika makao ya maskini, wengine wakiwa wameanza kazi na miaka 6 tu. Miaka michache baadaye Marekani ilizuia pamba yake isitoke. Wenye viwanda wengine waliwafukuza watu wao. Owen alisimamisha mashine, na kwa miezi minne akawalipa wafanya kazi mshahara kamili, kazi yao ikiwa kuisafisha mitambo tu. Gharama ilipita pauni 7,000. Watu waliokuwa wakimshuku, tangu siku hizo wakamwamini.

Washirika wake walinung'unika, ijapokuwa faida haikukoma! Mwaka 1813 akapata wengine walioridhika na asilimia 5. Shule ikafunguliwa mwaka 1816, wala mtoto wa chini ya miaka 10 hakuajiriwa.

Lakini wema wa tajiri mmoja hauwafikii watoto wa kiwanda cha jirani, naye alilijua hilo, akaliendea Bunge. Sheria ya mwaka 1819 ikaruhusu mtoto wa miaka 9 atumike, bila ya mkaguzi wa kulipwa.

Sehemu kubwa ya mali yake ilipotelea New Harmony, Marekani, katika kijiji cha ujima kilichovunjika mwaka 1827. Alifariki Newtown mwaka 1858.