Juliano Mwasi: Msomaji wa Kanisa Aliyerudi kwa Zeus

Wengi hudhani kwamba miungu ya Wagiriki na Warumi iliachwa mara tu Kaisari Konstantino alipowapa Wakristo uhuru wa kuabudu mwaka 313. Sivyo. Nusu karne baadaye mtu wa ukoo wake mwenyewe alijaribu kuirudisha. Huyo ndiye Kaisari Juliano, ambaye Wakristo walimpa jina la Mwasi.

Alizaliwa Konstantinopoli mnamo mwaka 331. Baba yake na Konstantino walikuwa ndugu wa baba mmoja. Konstantino alipofariki mwaka 337, askari waliwaua wanaume wengi wa ukoo huo, baba yake Juliano akiwa miongoni mwao. Yeye na kaka yake Gallus waliachwa hai. Baadaye Juliano alimtaja wazi mwenye kubeba lawama: binamu yake Kaisari Konstansio, aliyejiita Mkristo.

Watoto hao wawili walitengwa kwa miaka kadhaa huko Kapadokia, chini ya ulinzi. Walilelewa Kikristo, na Juliano akapewa huduma ya usomaji. Yaani alisimama mbele ya waamini akiwasomea Neno la Mungu. Lakini tangu utotoni mwalimu wake Mardonius alikuwa amempandia moyoni mapenzi ya Homer na masimulizi yake ya Zeus na Athena. Alipofika umri wa miaka 20 hivi, akiwa mfuasi wa mwanafalsafa Maximus wa Efeso, aliigeukia miungu hiyo kwa siri. Kwa miaka kumi alijionyesha Mkristo.

Mwaka 355 alisoma Athens, mji ambako Basili na Gregori wa Nazianzo nao walikuwa wanafunzi. Mwaka huohuo akatumwa Gallia, na mwaka 357 akawashinda Waalemani karibu na Strasbourg. Mwaka 360 jeshi lake lilimtangaza kuwa Kaisari mjini Paris, na Konstansio alipofariki mwaka 361, dola lote likawa lake.

Hapo alivua kinyago. Aliagiza mahekalu yafunguliwe na sadaka za wanyama zirudi. Kwake visa vya miungu vilikuwa mafumbo: kisa cha Kibele na Attis alikieleza kama safari ya roho, na jua, Helios, akaliheshimu kuliko vyote. Mwaka 362 aliwazuia Wakristo kufundisha vitabu vya Homer na wenzake, kwa hoja kwamba asiyeiamini miungu asifundishe habari zake. Mwalimu maarufu Marius Victorinus wa Roma aliona heri kuiacha shule kuliko kumwacha Kristo.

Jambo moja lilimsumbua Juliano. Aliona kwamba Wakristo walipendwa kwa sababu waliwapokea wageni, waliwazika wafu na kuwalisha hata maskini wasio wao. Basi akamwagiza kuhani mkuu wa Galatia ajenge nyumba za wageni, akatoa ngano na divai kwa ajili ya maskini na wapita njia. Upendo wa Kanisa ulikuwa umemshinda, naye akauiga bila kuupokea.

Lakini amri haizai imani. Alipokwenda Dafne, karibu na Antiokia, kwa sikukuu ya Apollo, alitarajia ng'ombe wa sadaka na umati wa watu. Alimkuta kuhani mmoja na bata bukini mmoja, ambaye kuhani alimtoa nyumbani kwake. Juni 26, 363, Juliano alifariki kwa jeraha la mkuki katika vita na Waajemi, baada ya kutawala dola lote kwa miezi ishirini hivi. Mrithi wake, Jovian, alikuwa Mkristo.

Miaka michache baadaye Basili, sasa askofu, alijenga karibu na Kaisaria ya Kapadokia makao ya wagonjwa, maskini na wageni. Hakuagizwa na mfalme.

Ndugu waseminari na waamini, Juliano aliyajua Maandiko na aliyasoma altareni. Alichokiona kwa Wakristo wenye mamlaka ni damu ya baba yake. Alichokiona kwa Wakristo wa kawaida ni mkate wa maskini. Cha kwanza kilimsukuma mbali, cha pili hakuweza kukibeza. Leo nasi kuna mtu anatutazama. Tujiulize anaona kipi.